Mji wa Thelathini na Nane

Lifti ya shimo la Kasubuya ilikuwa na tabia ya kuguna kabla ya kushuka, kama mtu mzima anayeinuka kwenye mkeka. Bi Siwema alikwisha kuizoea. Kila asubuhi saa mbili aliingia na chupa yake ya chai ya tangawizi, akafunga mkanda wa usalama juu ya khanga, akasema bismillahi, na lile dude la chuma likamteremsha kilomita moja na nusu chini ya ardhi, mahali ambapo watu wa zamani walichimba dhahabu mpaka ikawaishia.

Siku hiyo alishuka na Nyamizi, msichana wa mitambo. Nyamizi alikuwa na mdomo. Siku nyingine angekuwa amekwisha kumwuliza bibi kama ndani ya ile chupa kuna mume, maana anavyoikumbatia si kawaida. Leo alijibanza kwenye kona, na kwapani amebana mfuko wa unga wa sembe.

"Mwenzangu, leo umemeza nini?" Bi Siwema akamwuliza.

"Nimeamka vibaya tu, Bibi."

"Na huo unga unaupeleka wapi? Huko chini tuna jiko?"

"Si unga." Nyamizi akaubana mfuko zaidi. "Nitakuonyesha. Lakini Dokta asiwepo."

Dokta alikuwepo. Mlango wa lifti ulipofunguka, alikuwa amesimama mbele yao na koti lake jeupe, macho yanang'aa kama ya mtoto aliyeahidiwa nguo ya sikukuu. Bi Siwema aliyajua macho hayo. Miaka arobaini nyuma, kwenye chekechea ya Tabora, Mihayo huyu ndiye aliyekuwa wa kwanza kuketi mbele kila alipotangaza vitendawili, na yeye Siwema ndiye aliyemfuta kamasi. Sasa kamasi hamna, kuna udokta, na ofisi, na watu arobaini chini yake. Lakini alipohitaji mtu wa kuzungumza na Wandani, hakutafuta profesa. Alimtafuta mwalimu wake wa chekechea.

"Shikamoo, Mwalimu. Leo ni mji wa thelathini na nane. Umekuja na kitendawili kigumu?"

"Marahaba. Ngoja kwanza nikae, baba. Magoti haya si ya chuma."

Anayetaka kuelewa kilichokuwa chini kule, na achukue punje moja ya uwele. Ndani ya punje kuna atomu nyingi kuliko mchanga wa mbuga ya Wembere. Atomu moja ukiikuza ikawa pana kama tarafa nzima, kiini chake kitakuwa kama chungwa lililowekwa katikati, na kwingine kote hakuna kitu. Menya chungwa: ndani kuna protoni. Pasua protoni: ndani kuna vijichembe ambavyo wasomi kwa miaka mingi walidhani ndiyo mwisho, hakuna tena cha kupasua. Dokta Mihayo ndiye aliyesema hapana, bado. Alikaa miaka minne akitengeneza sindano moja, fupi kuliko kijiti cha kiberiti, ya kubishia hodi chini ya hapo. Siku aliyobisha, mtu akaitika.

Punje yenyewe ilining'inia katikati ya chombo cha duara chenye kifuniko, imeshikwa na sumaku, haigusi chochote. Wafanyakazi walikiita Sufuria. Na hao walioitika, Dokta aliwaandika kwenye taarifa zake kuwa ni "mifumo hai." Nyamizi ndiye aliyewaita Wandani, jina likashika.

Kwa kuwa wao ni wadogo, na wakati wao ni mdogo. Bi Siwema akimimina kikombe kimoja cha chai akakinywa taratibu mpaka mwisho, kule ndani mtoto amezaliwa, ameoa, amezeeka, amezikwa. Tangu hodi ya kwanza mpaka asubuhi hiyo, kwetu ilikuwa miezi mitatu. Kwao ilikuwa kama kutoka kwa Nabii Adamu mpaka sisi. Kiswahili walijifunza huko huko ndani, wakijengea shule maneno machache waliyokuwa wakibishiwa.

"Kuhesabu wanaweza," Dokta alimwambia siku ya kwanza. "Hata kikokotoo kinahesabu. Nataka kujua kama wanafikiri. Kitendawili ni kifupi, Mwalimu, na jibu lake ni fupi. Cheza nao kama ulivyocheza na sisi."

Naye akacheza. Cha kwanza kilikuwa: Nina watoto watatu, wote wamembeba mama yao, hawachoki. Mtoto yeyote aliyelelewa jikoni angesema mafiga na chungu. Wandani walifikiri kwa muda wa vikombe vitatu vya chai, yaani babu, baba na mwana, kisha mashine ya kuchapia, waliyoiita kinanda, ikatoa karatasi: TUMESHINDWA.

"Basi nipeni mji," Bi Siwema akasema.

Ndivyo mchezo unavyochezwa. Ukishindwa unampa mwenzako mji, wa mdomoni tu, ukasema haya chukua Mwanza, chukua Ujiji. Mwenzako anajidai amekwenda, amelakiwa kwa ngoma, amekula pilau ameshiba, ndipo anakutajia jibu. Bi Siwema alikwisha kupewa Ujiji mara elfu na watoto wasioijua hata kwa picha.

Wandani wakampa mji. Mishale ya vipimo ikaruka, ndani ya Sufuria ukawaka mwali mweupe, mdogo kama cheche ya jiwe la kiberiti, lakini nguvu yake ilijaza betri zote za kituo. Dokta Mihayo alicheza mdundiko pale pale na koti lake jeupe. Tangu siku hiyo, kila mji waliopewa uliwasha taa za Kasubuya Mpya, ukasukuma pampu za maji, ukagandisha friji za chanjo. Miji thelathini na saba, mwali mmoja baada ya mwingine, na Bi Siwema kila mara akisema: "Nimekwenda, nimelakiwa, nimekula, nimeshiba."

Alikuwa hajajaza hata kikombe cha kwanza asubuhi hiyo kinanda kilipoanza kuchapa chenyewe. Hakuna aliyekuwa amebisha. Karatasi ikatoka na neno moja.

KITENDAWILI.

"Tega!" Bi Siwema akaitika.

Lilitoka lenyewe. Mtu aliyekulia kwenye vitendawili akisikia neno hilo, hata awe usingizini, hata awe na tonge mdomoni, ataitika tega. Kipaza sauti kilikuwa wazi, sindano ikabisha, na neno likashuka kwa Wandani kabla Dokta hajainua mkono.

"Mwalimu!" Dokta akasema. "Mwalimu, umefanya nini?"

"Nimefanya nini? Si wamesema kitendawili?"

"Umekubali zamu yao! Tukishindwa je?"

Bi Siwema akataka kucheka, kwamba tukishindwa tutawapa mji, kuna nini. Kisha akaona uso wa Nyamizi, na kicheko kikafia njiani.

Pembeni ya Nyamizi ilikuwepo nguzo iliyofungiwa viraka vya mbao. Wiki mbili nyuma, Wandani walikuwa wamejifunza kubisha upande wetu. Kipande cha katikati cha nguzo ile ya chuma, nene kama paja, kiligeuka unga mweusi kwa muda wa kupepesa jicho, na dari ikaning'inia. Dokta alipiga makofi siku ile. Ndiyo kusema wamo pia ndani ya chuma, akasema, wamo ndani ya kila kitu, na sasa wana mkono.

Kinanda kikaanza tena, polepole.

"Dokta," Nyamizi akasema, "kabla hakijamaliza, mwambie Bibi habari ya mkia."

"Si wakati wake."

"Basi nitamwambia mimi." Akaukung'uta mfuko wa sembe mezani. Yakamwagika makaratasi, marefu, yamekunjwa kama utepe. "Bibi, kila walipotoa mji, kulikuwa na maneno yanakuja baada ya mwali. Marefu sana, kama mkia. Dokta aliniamuru niyakate, eti makelele ya mashine. Juzi niliyachapa ya mji mmoja tu. Ule mdogo. Unaukumbuka?"

Bi Siwema aliukumbuka. Alikuwa ametega: Kila siku namvua kofia, kila siku namvisha, hajawahi kunisalimu. Jibu ni chungu na kifuniko chake. Wakashindwa, wakatoa mji, mwali ukawa hafifu. Naye kwa utani, kama alivyowatania watoto wa chekechea, akasema: "Jamani, kamji gani haka! Kadogo, sikataki. Nipeni mkubwa." Wakatoa mwingine. Dokta alicheka mpaka akafuta machozi. Mwali mara mbili kwa siku moja.

Akavaa miwani. Juu ya karatasi paliandikwa: HAWA NDIO TULIOWAPA. WAPOKEENI VIZURI WATAKAPOFIKA. Chini yake yalifuata majina.

Mema wa Oto. Oto fundi. Lii wa Oto, macho yake mabovu, msimweke penye mwanga. Rua na Ruata, mapacha, wasitenganishwe. Mtoto wa Lii, ana siku mbili, jina bado.

Alisoma mpaka kidole chake kikaacha kusogea. Karatasi ilikuwa bado ndefu, imeteremka mezani mpaka sakafuni, ikaenda chini ya kiti.

"Walidhani wanakuja kwetu," akasema. "Nilisema nimelakiwa, nimekula. Walidhani kuna pilau."

"Ndiyo, Bibi."

"Na huu nilioukataa?"

Nyamizi akainama kuukusanya utepe. Mwali wake ulikwisha kuwaka kabla Bibi hajaukataa.

Bi Siwema akamgeukia Dokta. "Mihayo. Ulijua?"

"Mwalimu, sikiliza. Mwanzoni nilidhani kweli ni makelele."

"Nimekuuliza ulijua?"

Yule mtu mzima akainamisha kichwa vile vile alivyoinamisha alipoiba chaki. "Tangu mji wa tatu."

Kinanda kikanyamaza. Kitendawili cha Wandani kilikuwa kimekamilika, mistari minne katikati ya karatasi nyeupe. Nyamizi akakisoma kwa sauti:

Anabisha hodi, hana uso.
Anaomba mji, haukai.
Anakula, anasema ameshiba, kesho anaomba tena.
Ukimsomea majina ya waliokwenda, hana habari.

Dokta akaivuta karatasi, akaisoma tena mwenyewe.

"Ni sisi," Dokta akasema haraka. "Wanatusema sisi. Hilo ndilo jibu, na hatulisemi. Mwalimu, hatulisemi!"

"Kwa nini?"

"Kwa sababu leo wanashuku tu. Tukilitamka, watakuwa na hakika kwamba anayebisha ana masikio, ana akili, na alikula miji yao kwa kicheko. Unaiona nguzo ile? Wamo kwenye nguzo, wamo kwenye kuta za nyumba zetu, wamo kwenye damu yako na yangu. Mjukuu wako Sitti yuko wapi sasa hivi? Kasubuya Mpya, juu ya vichwa vyetu. Watu elfu sita wako juu ya vichwa vyetu."

Jina la Sitti lilimwingia kama mwiba. Alimwacha anachora kwa mkaa kwenye sakafu ya baraza, amevaa kandambili za bibi yake.

"Na tusiposema jibu?"

"Tutasema tumeshindwa. Tutawapa mji, kama sheria yao inavyotaka, na yataisha." Dokta alikwisha kulifikiria hilo. Ilionekana alikwisha kulifikiria siku nyingi. "Kasubuya ya Zamani. Mahame yale. Nyumba zimeanguka zote."

"Kuna watu mahameni."

"Kumi na mmoja. Waliokataa kuhama. Nilituma mtu akahesabu." Akameza mate. "Kumi na mmoja, Mwalimu, wazee watupu. Kwa elfu sita."

Katika hao kumi na mmoja alikuwemo Mama Kashindye muuza karanga. Kila Ijumaa alitembea kutoka mahameni na ungo kichwani, na kila Ijumaa alimwongezea Bi Siwema kiganja kimoja cha ziada, akisema, "Hizi za yule mwenye kandambili kubwa."

"Uliwauliza?" Bi Siwema akasema. "Hao kumi na mmoja, kuna uliyemwuliza?"

"Mimi pia sikupewa la kuchagua! Ni nani aliyeitika tega?"

Hilo lilimpata mahali penyewe. Akakaa. Akaishika chupa ya chai kwa mikono miwili wala hakuifungua. Dokta akaendelea kusema, kwamba hesabu ni hesabu, kwamba hata kwenye vita kuna mji unaoachwa ili mwingine upone, na Nyamizi akamkatiza, naye akamkaripia Nyamizi, na dakika zikaenda, tano, kumi. Vikombe viwili vya chai. Kule ndani waliosikia neno tega wakazaa, wakazeeka, wakawaachia watoto wao kazi ya kungoja.

Ghafla mwali ukawaka ndani ya Sufuria.

Wote watatu wakageuka. Hakuna aliyebisha, hakuna aliyeomba. Mkono wa Dokta, kwa mazoea tu, ukaichukua kalamu, ukaandika kipimo kwenye daftari. Kinanda kikachapa:

MMENYAMAZA. HUENDA MLANGO UNATAKA KUFUNGULIWA KWANZA. TUMETOA MMOJA, ILI MWEZE KUSEMA.

Kisha majina yakaanza kutiririka.

"Mungu wangu," Nyamizi akasema. "Wanatoa hata tukinyamaza."

Bi Siwema alitazama ile kalamu mkononi mwa Dokta. Haikuwa kalamu ya muuaji. Ilikuwa imetafunwa mwishoni, kama kalamu zake zote tangu darasa la awali. Akamwona tena Mihayo wa miaka mitano, amechuchumaa uani na wenzake, wamejenga vijumba vya udongo, vina milango, vina mitaa, kila kijumba kina mwenyewe na jina lake. Kutwa nzima wanajenga. Kengele ya kwenda nyumbani ikilia, wanainuka wanapiga kelele za furaha na kuvikanyaga vyote, halafu wanakimbilia mama zao. Walikuwa na roho nzuri wale watoto. Hakuna hata mmoja aliyekuwa na chuki na kijumba.

Ndipo akalijua jibu. Halikuwa "sisi." Sisi lingekuwa jibu jepesi, la kisirani, jibu la watu wanaotaka kulipiza. Wandani walikuwa wamekaa na jambo hili tangu Adamu wao, nao walikuwa wametega kitendawili kizuri, chenye haki, na jibu lake lilikuwa baya kuliko alilolihofia Dokta. Maana mtu akiuliwa na adui, angalau kuna aliyemfikiria. Akiuliwa na mungu, wanawe wataimba. Lakini Lii mwenye macho mabovu na mtoto wake wa siku mbili, nani atawaambia Wandani kwamba walikwenda kwa ajili ya mchezo tu?

Angeweza kunyamaza. Angeweza kusema tumeshindwa, akawapa Mama Kashindye na ungo wake, na Wandani wangebaki na dini yao, na Sitti angebaki na mkaa wake. Kwa muda wa pumzi tatu alilitaka jambo hilo. Alilitaka kwa moyo wake wote, na baadaye maishani hakuwahi kumficha Mungu kwamba alilitaka.

Majina yalikuwa bado yanatoka.

Akainuka, magoti yakalia. "Nyamizi, fungua kipaza sauti."

"Mwalimu, nakuomba," Dokta akasema. Hakumgusa. Alikuwa analia. "Sitti yuko juu."

"Najua aliko mjukuu wangu. Fungua, mama."

Nyamizi akafungua. Bi Siwema akakisogelea kile kipaza sauti alichokichekea miezi mitatu, akaondoa ule utani kooni mwake kama mtu anayetema mfupa.

"Jibu lenu nimelipata," akasema. "Ni mtoto anayecheza. Na mtoto mwenyewe ni mimi. Miji mliyonipa sikuifikia. Hakuna aliyefika. Hakukuwa na pilau. Kwetu ukishindwa kitendawili unatoa mji wa mdomoni, ni mchezo wa watoto, na sikujua kwamba ninyi mnatoa wa kweli. Mdogo niliukataa nikicheka. Msitoe tena. Nikinyamaza, msitoe. Akibisha mwingine, msitoe."

Sindano ikabisha mpaka neno la mwisho, ikatulia.

Walingoja. Dokta alikaa sakafuni, mgongo kwenye Sufuria. Nyamizi alishika nguzo yenye viraka, kana kwamba angeweza kuizuia kwa mkono. Bi Siwema alimimina chai ili apate cha kutazama, akatazama mvuke ukipungua, akamwona Sitti katika kila uzi wa mvuke ule. Kikombe cha kwanza kikapoa. Akamimina cha pili. Juu ya vichwa vyao kokoto moja ikadondoka kutoka darini, na Nyamizi akafumba macho. Ilikuwa kokoto tu. Kikombe cha pili nacho kikapoa.

Kinanda kikachapa:

UMEPATA.

Kikatulia. Kikachapa tena:

MABABU WA MABABU ZETU WALIKWISHA KULIJUA. TULITAKA KUSIKIA KAMA MTOTO NAYE AMEJUA.

"Kwa nini waliendelea kutoa, basi?" Nyamizi akanong'ona. "Kama walijua?"

Bi Siwema hakutaka kulijibu hilo, lakini jibu alikuwa nalo. Mtoto mwenye nguvu kiasi hicho, anayeomba huku anacheka, nani kati ya majirani zake angethubutu kumnyima?

Mstari wa mwisho ulichukua muda mrefu kuliko yote.

MJI WENU HATUUTAKI. FUNGENI MLANGO.

Dokta Mihayo akainuka, akajifuta uso kwa koti. Hawakufa. Hakuna aliyekufa upande wake. Bi Siwema aliona jinsi hofu ilivyomtoka polepole, na kile kilichoingia mahali pake. Macho yale yale.

"Wamesamehe," Dokta akasema. "Unaona, Mwalimu? Ni viumbe wa ajabu. Tuwape siku mbili tatu, kisha tunaweza kubisha taratibu, bila vitendawili, kwa heshima."

Bi Siwema hakubishana naye. Alikwisha kuwaongoza watoto miaka thelathini na alijua kwamba mtoto akiwa na wembe hupewi muda wa kumweleza. Alimtazama Nyamizi, Nyamizi akamwelewa. Kifuniko cha Sufuria kikaguna, mkono mwembamba wa msichana ukaingia na kutoka. Ile sindano ya miaka minne, fupi kuliko kijiti cha kiberiti, ikaangukia kwenye chupa ya chai ya tangawizi, na Bi Siwema akakaza mfuniko.

"Mwalimu! Hiyo haitengenezeki tena! Chumvi tu ya jasho inaiharibu, sembuse chai!"

"Ndiyo nimeitia chai, baba."

Akaikumbatia chupa, akaingia kwenye lifti. Betri za kituo zilikuwa bado na nguvu ya mji wa thelathini na nane. Ndiyo iliyomvuta juu, kilomita moja na nusu, na njia nzima alisimama wima, hakutaka kuegemea ukuta.

Wiki iliyofuata taa za Kasubuya Mpya zilizimika, na pampu zikanyamaza. Wanawake walirudi kwenye foleni ya kisima na ndoo zao, wakilaani kituo, na chanjo zikabebwa kwenye masanduku ya barafu kama zamani. Dokta aliandikiwa barua ya kwenda kujieleza mjini. Bi Siwema alishona karatasi ya Nyamizi kwa uzi, mkunjo kwa mkunjo, akaiweka kwenye sanduku lake la sanda. Kila alfajiri baada ya swala alisoma majina kumi. Mji ule mdogo peke yake ungemchukua miaka minane. Alikuwa na miaka sitini na tisa.

Ijumaa moja mchana alikuwa amekaa barazani anachambua karanga za Mama Kashindye. Sitti akamjia na kandambili zake kubwa, akajitupa mapajani.

"Bibi! Kitendawili!"

Mdomo wa Bi Siwema ulifunguka wenyewe. Akauziba kwa mkono.

"Bibi, sema tega."

"Ngoja nikutegee mimi, mama. Chako nitakisikiliza siku nyingine."

"Haya, nitegee."

Akafikiri kwa muda mrefu, akitafuta kilicho chepesi kuliko vyote. "Nina watoto watatu, wote wamembeba mama yao, hawachoki."

Sitti akakunja uso. Akatazama juu, akatazama chini. Jikoni mwao, tangu umeme ukatike, mafiga yalikuwa pale pale yanafuka moshi, lakini hakuyaona. Akatupa mikono.

"Nimeshindwa! Chukua mji, Bibi. Nakupa Tabora!"

"Sitaki."

"Ni mkubwa!"

"Sitaki mji, mjukuu wangu. Baki nao. Jibu nitakupa bure. Ni mafiga na chungu."

Sitti akamtazama usoni kuona kama ni utani. Kisha akavuta karanga moja kutoka kwenye ungo, akaipasua kwa meno, na unga mwekundu wa ganda ukatawanyika juani.

"Bila kutoa mji hainogi," akasema. "Mimi na wenzangu wote tunatoa."